Kopo la Sekondi

Nilipofungua kopo, harufu ya siki ilitupiga puani, nikajua mkanda huu wa filamu utapita kwenye mashine ya kunakili mara moja tu. Ulikuwa umesinyaa na vitundu vya pembeni vimechanika. Nafasi ya pili haikuwepo.

"Dada Ekua, niambie hotuba ya waziri imo," alisema Ebo, mwongozaji wa kipindi. "Tunarusha Ijumaa."

"Karatasi ya koponi inasema imo. Acha kunipumulia kisogoni."

Karatasi ile aliiandika marehemu baba yangu, mpiga picha wa serikali: Mgomo wa reli, Sekondi. Waziri, dakika nne. Wafanyakazi hakuwataja hata kwa neno moja. Na nyuma yangu, kwenye kiti cha plastiki, alikaa bibi mmoja, Nana Araba, aliyetoka Sekondi alfajiri kwa ajili ya mfanyakazi mmoja tu: kaka yake Ekow, aliyefia gerezani mwaka uleule wa mgomo. Familia haikuwa na picha yake hata moja.

"Sauti yake ninayo," aliniambia. "Sura ndiyo imenitoka. Lakini baba yako alimpiga picha, mwanangu. Nilikuwepo, nauza madonge ya mahindi, kenkey, beseni kichwani. Alimwambia, 'Wewe mrefu, tabasamu basi!'"

Baba alikuwa na kamera mbili, moja yenye mkanda, nyingine tupu. Mkanda ulipimwa kwa futi, nao ulikuwa wa wakubwa. Watu wa kawaida wakimzonga, aliwageuzia ile tupu, ikanguruma vizuri, wakaenda zao wamefurahi. Na ili wasishuku, aliwaambia watabasamu. Aliniambia mwenyewe, huku akicheka. Nilimwonea aibu miaka thelathini.

Sikuthubutu kumwambia Nana. Nilianza kuuvuta mkanda kwa mkono, picha moja moja. Jukwaa. Bendera. Waziri anapanda ngazi, anashika kipaza sauti.

Mkanda ukalia tik, ukakatika.

"Unaniua, dada!" Ebo alipeleka mkono kwenye mashine.

"Gusa uone! Toa mkono."

Niliunga pale palipokatika, nikavuta tena. Waziri hakuwepo. Kwenye kioo cha mashine kulikuwa na mzee mwenye masizi ya makaa usoni. Kisha mwingine. Kisha vijana watatu wamekumbatiana mabega. Uso baada ya uso, kwa karibu, bila haraka.

"Hawa nani?" Ebo alifoka. "Hotuba iko wapi?"

Nilivuta picha nyingine. Kijana mrefu alikuwa ameingia pichani, amekunja uso. Ilionekana mtu nyuma ya kamera amemwambia kitu, naye akatabasamu hadi meno yote yakaonekana. Pembeni yake alisimama msichana mwenye beseni kichwani.

Niliendelea hadi mwisho, kisha nikahesabu tangu pale nilipounga. Zilikuwa dakika nne kamili, na zote zilikuwa za wafanyakazi. Siku ile waziri alihutubia kamera tupu, na baba akaandika uongo kwenye karatasi kwa mwandiko mzuri kabisa. Hilo hakuwahi kuniambia.

"Nimekwisha," Ebo alisema, akaketi sakafuni.

Nana Araba alisogeza kiti mpaka magoti yakagusa meza. Mkanda haungepita tena, lakini nakala tulikuwa nayo, nikairudisha nyuma hadi kwa yule kijana mrefu. Alinyoosha kidole, akakiweka juu ya mdomo wa kaka yake.

"Mwanya," alisema. "Alikuwa na mwanya, kama mama. Niliwezaje kusahau?"