Jeraha Lililobadilishwa Jina

Maji ya mwisho yalikuwa na kafuri. Mishi alikuwa akimwosha mumewe Jabiri, katika chumba cha nyuma ya msikiti wa soko moja dogo chini ya mji wa Sultan Hamud, mwaka wa 1974, alipoona ufa wa kichwani ukijifunga. Jana, Nzomo mwenye malori alipompiga dereva wake huyo kwa mtalimbo, ufa huo uliingia vidole viwili. Sasa palibaki wekundu tu, kama wa mtoto aliyejigonga mlangoni.

"Wamelibadilisha jina kule polisi," alisema.

Mama mkwe, Mwanahamisi, alipitisha ndoo nyingine pazia likiwa limeshuka. "Basi wahi," alijibu.

Mishi alivuka barabara mikono ikiwa bado na maji. Katika kituo cha polisi, karani Mutiso alikuwa akiitia taarifa ya daktari katika Kiswahili ili isomwe kortini. Inspekta alikuwa nyuma yake, haketi, hasimami.

"Umeandika nini?" aliuliza Mishi.

"Mchubuko," alisema Mutiso. "Daktari alisema kichwa imevunjwa. Lakini mama, hiyo maneno ni ndugu."

"Ni ndugu, lakini hawazikwi kaburi moja. Rudisha."

Mutiso hakuwa mtu mbaya. Kiangazi kilikuwa kimekaza, na lori la Nzomo ndilo lililowapelekea watoto wake maji. Hata hivyo alifuta, akaandika kwamba fuvu lilivunjwa. Mara Mwanahamisi akapaza sauti kutoka ng'ambo: damu imeanza tena, leteni pamba.

"Hilo neno lina mtu ndani," alisema inspekta. "Weka alianguka."

Mutiso akaweka. Mwanahamisi akapaza sauti kwamba magoti yamechubuka na yana changarawe. Inspekta alikuna shingo. Neno "alianguka" nalo lilikuwa na maswali: wapi, akisukumwa na nani? Akazunguka meza, akatazama dirishani, akarudi.

"Andika homa."

Safari hii ng'ambo hapakusikika kitu. Mishi alirudi mbio. Jabiri alikuwa bado hapumui, lakini hana alama kuanzia utosini hadi nyayoni, mzuri kama siku ya ndoa yao, na ngozi inachoma. Mwanahamisi alikuwa amemwekea kitambaa cha maji kwenye paji la uso. Mishi alikasirika. Pia alifurahi kumwona hana jeraha, na furaha hiyo ndiyo iliyomuuma zaidi.

Alasiri ilikuwa imekaribia. Wanaume walilibeba jeneza wakibadilishana mabega upesi kwa sababu ya joto lililotoka ndani, wakamzika.

Kortini Mishi alisema mumewe aliuawa kwa chuma. Hakimu alimsikiliza vizuri, akasoma homa, akafunga faili.

Ardhi ya pembeni mwa kaburi haijapoa. Wanawake wa pale wameizoea. Msimu wa ndengu hutandika mikeka kando ya ua wa kaburi, na kufikia adhuhuri ndengu zimekauka. Nzomo naye huleta zake. Dereva wake mpya hushusha magunia na kumwamkia Mishi kwa adabu, maana humkuta hapo kila mara, na bakuli la maji na kitambaa, kiganja kimelala udongoni.

"Homa imeshuka leo, mama?"

"Bado."

"Pole. Sogea kidogo nitandike."

Mishi husogea.