Siku Gundi Alipobanduka

Timu yetu ya taifa, karibu yote, ilipita mikononi mwa mwanamke mmoja. Alikuwa mkunga wa hospitali kuu, ambayo ndiyo hospitali pekee tuliyo nayo, maana nchi yetu ni visiwa viwili tu, na kwenye ramani ya dunia unaweza kuvifunika kwa ncha ya kalamu. Yeye ndiye aliyenipokea duniani mimi, akampokea beki wa kulia, viungo wetu wawili, hata mshika kibendera. Kwa hiyo siku za mechi alikaa safu ya mbele na kutukaripia kama watu wa nyumbani kwake. Ukianguka ukajifanya umeumia, ulisikia sauti yake ikikwambia kwamba hata siku ile ya kwanza ulilia hivyo hivyo na hukuwa na kitu.

Mwanawe wa kumzaa mwenyewe ndiye tuliyemwita Gundi. Alikuwa beki wa kushoto, mwembamba, mpole, mtu wa maneno machache. Jina alilipata uwanja wa shule kwa sababu ukimpa mtu wa kumkaba, alimganda. Siku moja mshambuliaji wa timu ya bandarini alitoka nje ya mstari kufunga kamba za kiatu. Alipoinua uso alimkuta Gundi kachutama ubavuni pake. Aliuliza kama haruhusiwi hata kupumua, na Gundi akamwambia kwa heshima zote kwamba apumue tu, yeye hamzuii.

Mimi nilikuwa golikipa wake tangu tukiwa watoto. Kazi yangu ni kupaka rangi nyumba, na hata siku za mechi kulikuwa na rangi chini ya kucha zangu, ndani ya glavu. Kwetu hakuna anayeishi kwa mpira. Beki wa kulia ni tarishi, kiungo mmoja ni zimamoto, na kocha wetu, tuliyemwita Mwalimu, anafundisha jiografia. Ni Gundi peke yake ambaye miguu yake ilimpatia mkate, tena kwa bahati ya ajabu. Kulikuja mgeni kutoka nchi kubwa ya jirani, mtu wa kusaka vipaji, akitafuta mshambuliaji aliyesifiwa sana. Bahati mbaya kwa mshambuliaji yule, siku hiyo alikabwa na Gundi. Dakika tisini hakugusa mpira wa maana. Mgeni akafunga mkoba wake, akauliza yule kijana aliyemganda mwenzake ni nani.

Basi akaenda ng'ambo, kwenye mji wa viwanda wenye baridi ya kukata masikio. Mama yake alimfungia masweta hadi sanduku likagoma kufunga, ikabidi mimi nilikalie. Klabu iliyomsajili ikampangishia chumba juu ya duka la dobi, na dobi mwenyewe, mama mmoja mjane, akawa ndiye mwenye nyumba wake. Gundi alinisimulia kwamba chumba kile kilikuwa na dirisha moja na harufu ya sabuni usiku na mchana, na kwamba miezi ya kwanza alikaa benchi hadi akaujua kila ufa wa ule ubao. Kila Jumapili alimpigia mama yake simu. Mama hakumuuliza habari za mpira hata siku moja. Alimuuliza amekula nini, na kama amekausha nywele kabla ya kutoka nje. Mpira, alisema, atausikia redioni.

Hatimaye beki wao wa kushoto alihama na Gundi akapata namba. Hakuiachia tena. Mwaka hadi mwaka jina lake likakua, na siku moja wakala wake akamjia na habari nzito: nchi ile kubwa ilikuwa tayari kumpa uraia, aichezee timu yao ya taifa. Ile ni timu inayokwenda mashindano makubwa, yenye daktari wake, mpishi wake na ndege yake. Yetu sisi, jezi za akiba zilifuliwa na mke wa Mwalimu.

Habari zilifika kwetu kabla yeye hajamaliza kufikiri. Nilikuwa juu ya ngazi napaka ukuta wa benki, wapita njia wananiuliza mimi rafiki yako ataamua nini, kana kwamba nimemfunga mfukoni. Mama yake alimwambia akubali. Alimwambia nchi haikasiriki, na kama itakasirika, wengi wao anawajua tangu walipokuwa hawana meno, atasema nao. Gundi akakataa.

Watu walimsifu kwa uzalendo, redio ikamtungia maneno makubwa. Mimi nilimuuliza mwenyewe tulipokutana kambini, tukilala chumba kimoja kwenye bweni la chuo cha ualimu.

“Nikiwachezea wao, nyumbani nitakuja lini?” alisema. “Chama chetu cha mpira kinanikatia tiketi. Kila mechi ya timu ya taifa, namwona mama.”

Nilicheka.

“Usicheke,” akasema. “Nimehesabu hilo tu.”

Basi akawa wetu, na tukafungwa pamoja. Tulifungwa juani na tulifungwa mvuani. Tulifungwa na wakubwa kwa haki yao, na tukafungwa na wadogo wenzetu kwa uzembe. Lakini upande wa kushoto, aliko Gundi, mabao yalikuwa machache, na kila baada ya mechi alikwenda kwa mama yake, akala, akalala kwenye kitanda chake cha utotoni, miguu ikichungulia nje, halafu akapanda ndege akarudi kazini.

Mwaka ambao mke wangu alikuwa na mimba yetu ya kwanza, kura za kufuzu zilitupanga na nchi ile ile kubwa. Wangekuja kwetu. Mshambuliaji wao mkuu, mtu wa kifua kipana waliyemwita Treni, alikuwa mwenzake Gundi katika klabu, na asubuhi nyingi walikunywa chai meza moja. Gundi alituambia kila alichokijua juu yake, kwamba anapenda kugeukia mguu wa kulia, kwamba akichoka hushika kiuno, na kwamba ni mtu mwema sana, kwa hiyo tusimchukie, tumkabe tu.

Mke wangu hakuwa amefikisha siku zake, na mimi nilimwomba abaki nyumbani. Alinijibu kwamba nchi nzima iko uwanjani, akipatwa na lolote nyumbani atamwita nani? Akakaa safu ya mbele, karibu na Mama Mkunga.

Kipindi cha kwanza tulicheza kama watu waliokunywa dawa ya nguvu. Gundi na Treni walikuwa kitu kimoja, ukimwona mmoja umemwona mwenzake. Karibu na mapumziko niliona Gundi anatupa macho jukwaani, nami nikatazama. Kiti cha mama yake kilikuwa kitupu, na cha mke wangu pia.

Filimbi ikalia, bila kwa bila. Tukaingia ndani mbio, na tarishi akasukuma mlango wa chumba chetu cha kubadilishia nguo. Mkono ukatokea ukaurudisha mlango.

“Huku hakuna nafasi,” ilisema sauti ya Mama Mkunga. “Tafuteni pengine.”

Mwalimu alieleza kwa upole kwamba maji yamo humo, ubao wake umo humo, na maelezo yote ya kipindi cha pili yamo kwenye ubao. Ndoo ya maji ikatolewa nje. Ubao haukutoka, baadaye tulijua ulikuwa umesimamishwa kama pazia. Gari la wagonjwa lilikuwapo, lakini lilizibwa na magari ya wageni waheshimiwa mbele na nyuma, na mtoto, kama Mama Mkunga alivyoniambia aliponivuta ndani kwa mkono, hakuwa na muda wa kusubiri waheshimiwa.

Mke wangu alikuwa amelala kwenye kitanda cha kukandia misuli, chini yake zimetandikwa jezi za akiba. Alikuwa anatokwa na jasho. Aliniuliza matokeo. Nikamwambia bila bila. Akafumba macho, akauma midomo hadi uchungu ulipopita, kisha akaniambia basi niende nikalinde. Nikasema siendi popote. Nilikuwa nimemshika mkono, na glavu nilikuwa sijavua.

Mama Mkunga hakunigombeza. Alisema taratibu tu, “Mwanangu, mimi nina mikono miwili na inatosha. Yako imevaa glavu. Nenda golini.”

Golikipa wetu wa akiba alikuwa amevunjika kidole wiki ile. Nikatoka.

Huko nje nilikuta jambo ambalo sijaliona tena kwenye mpira. Treni alikuwa amefungua mlango wa chumba chao na kutuita tuingie. Tulikaa upande mmoja, wao upande wa pili, na kocha wao akawaambia watu wake watazame ukutani ili Mwalimu atupe maelekezo kwa faragha. Mwalimu alinong'ona kama anayefanya mtihani. Gundi hakumsikiliza. Alikuwa ananitazama mimi, na nilipomwashiria kwamba wote wazima, alishusha pumzi kama vile ni wa kwake.

Kipindi cha pili nililinda goli lililo upande wa vyumba, na dirisha dogo la chumba chetu lilikuwa juu ya ukuta, nyuma yangu. Tulishikilia. Mpira uligonga mwamba, ukanigonga mgongoni, ukatoka. Tarishi aliokoa mwingine kwa uso. Watu wa jukwaa la nyuma ya goli, ambao walijua kinachoendelea, walianza kunyamaza mmoja mmoja, hadi upande ule wote ukawa kimya. Mpira ukarushwa kutoka kulia kwao, Treni akaanza kukimbia, Gundi yuko naye bega kwa bega.

Ndipo mtoto akalia.

Ilikuwa sauti nyembamba, yenye hasira. Gundi akageuza kichwa, mara moja tu, kama mtu aliyeitwa jina. Treni, ambaye alikuwa anasikiliza mpira tu, akapita, akapiga shuti. Nikaruka nikaugusa kwa ncha za vidole, ukaingia wavuni pembeni.

Habari za mtoto zikaruka jukwaa hadi jukwaa, uwanja mzima ukainuka ukapiga makofi na vigelegele. Treni alisimama kashangaa. Alikuwa hajawahi kufunga ugenini akashangiliwa namna ile, akainua mkono kushukuru, na hapo ndipo Gundi alipomwendea akamweleza. Treni akamkumbatia, halafu wote wawili wakanijia mimi golini kunipa mkono, mwamuzi akawa anatufukuza turudi mchezoni.

Tulifungwa moja bila. Filimbi ya mwisho ilipolia Gundi alifika mlangoni kabla yangu. Mama yake alikuwa anajifuta mikono.

“Mama, nilimwachia,” alisema. “Nilisikia mtoto.”

“Na mimi nilisikia watu wanapiga kelele za goli. Nilimwachia mtoto?”

“Hapana.”

“Basi.” Akamshika shavu, akalipapasa kidogo, kisha akamwambia avue jezi hiyo mbichi asije akapata mafua. Alikuwa anajaribu kukunja uso lakini uso ulikataa.

Alikuwa binti, mzima, na mapafu yake yalijulikana na watu wote waliokuwapo. Tarishi alipendekeza aitwe Goli. Mke wangu alimwambia amsubiri apate nguvu, amjibu vizuri.

Waandishi wa kule ng'ambo walimuuliza Gundi ilikuwaje mtu ambaye hajawahi kumpoteza mshambuliaji akampoteza siku ile. Akawajibu alisikia mtoto analia, akageuka. Walidhani anatania, kisha wakapata habari kamili, na ikachapishwa kila mahali. Mashabiki wa klabu yake wakaanza mchezo: kila akigusa mpira, maelfu ya watu wazima, wafanyakazi wa viwandani wenye mikono ya chuma, wanalia kama watoto wachanga. Mara ya kwanza alicheka hadi mpira ukampita. Kocha wake hakufurahi. Lakini mtu akikutania kwa miaka, mwishowe inakuwa mapenzi, na mwaka ambao goti lake lilianza kumsumbua, alipokuwa akirudi uwanjani kutoka kwenye matibabu, kilio kile kilimpokea kikubwa kuliko wimbo wowote.

Goti halikupona sawasawa. Kwa mechi yake ya mwisho, klabu ilimkatia mama yake tiketi, mama ambaye alikuwa hajatoka visiwani maisha yake yote. Mimi sikuwapo, lakini Gundi alinisimulia. Mama alivaa koti lake Gundi, lililomfika miguuni, akaketishwa karibu na yule dobi. Hakuna aliyejua lugha ya mwenzake. Walipeana chai kwenye kifuniko cha chupa ya chai, wakashikana mikono kwa baridi, na dobi akawa anamwonyesha kwa kidole pale mwanawe alipo, kana kwamba angeweza kumkosa.

Mama Mkunga alikuwa amestaafu mwezi ule. Miaka yote alikuwa analala vipande vipande, kati ya mtoto na mtoto. Kipindi cha pili, katikati ya kelele zote zile, kichwa chake kililala kwenye bega la dobi.

Mechi ilipokwisha, na baada ya kuagana na watu na kupewa maua, Gundi alipanda jukwaani. Dobi aliweka kidole mdomoni. Gundi akaketi kiti cha pembeni, na matope yake na maua yake, akalivuta koti likamfunika mama shingo vizuri. Watu walitoka. Wafagiaji waliingia, wakafagia safu zote, wakaiacha ile moja. Taa za uwanjani zilianza kuzimwa upande wa pili, na wote watatu walikuwa bado wapo pale, wawili macho, mmoja usingizini.