Mama wa Vitundu

Binti huyo walimbandika jina la Chiriku hata kabla hajaanza shule, na hawakumsingizia. Alipiga soga na muuza duka, na paka wa jirani, na redio, hasa redio, kwa sababu haikuweza kumwambia anyamaze. Lakini palikuwa na mtu mmoja ambaye Chiriku hakujua amwiteje, na mtu huyo aliishi naye nyumba moja, akampikia na kumsuka nywele. Alikuwa mke wa baba yake.

Mwanamke huyo alifanya kazi katika jumba la makumbusho ya viumbe wa baharini. Yeye ndiye aliyeandika vile vibao vidogo vinavyokaa chini ya makabati ya vioo, vikikuambia unachokitazama ni kitu gani. Wenzake kazini walimwita Bi Lebo. Mumewe, fundi wa majokofu, alimwita mpenzi wakiwa wawili, na "wewe bwana" akiwa amepoteza bisibisi. Chiriku ndiye hakumwita kitu. Mama yake mzazi alifariki yeye akiwa mdogo, na neno mama likabaki la marehemu. Shangazi alikuwepo, na mama mdogo, mdogo wake marehemu, alikuwepo, tena mwenye wivu. Kila kiti kilikuwa na mwenyewe.

Basi mtoto akawa anapiga chenga, na chenga zenyewe, tuseme ukweli, zilikuwa za kiufundi. Akitaka Bi Lebo amsogezee chumvi, aliitangazia meza nzima, "Chumvi iko mbali leo." Akimtafuta, alikohoa mlango kwa mlango mpaka aitikiwe. Mara moja alisimama katikati ya sebule akapaza sauti: "Kuna mtu ameacha maji yanachemka jikoni!" Nyumbani walikuwa wawili tu, na yeye hakuwa amechemsha maji.

"Nizungumze naye?" mumewe aliuliza siku hiyo.

"Thubutu! Ukimlazimisha nitakufungia nje ulale na majokofu yako. Neno la kuagizwa silitaki."

Alisema huku anacheka, ila lilimuuma. Alitamani kuitwa. Hata jina la utani, hata baya, mradi liwe lake na litoke kwenye mdomo ule usiokaukiwa na maneno.

Sasa, wiki hiyo makumbusho yalikuwa yanakifungua upya chumba cha matumbawe, na wageni wa kwanza, Jumamosi, wangekuwa wanafunzi wa shule ya Chiriku. Mkuu wa makumbusho alikuwa hashikiki. Alikuwa mtaalamu hasa wa mambo ya bahari, na pia mtu aliyewahi kurudisha kadi ya harusi kwa wenyewe kwa sababu imekosewa mkato. Alimwekea Bi Lebo mezani tumbawe kubwa jeupe, upana wake kama beseni, likiwa na kikaratasi kilichofungwa kwa uzi. Wino ulikuwa umefifia, lakini neno lilisomeka: Madrepora.

"Jina hili la zamani libaki," alisema Mkuu. "Ila mtoto akisoma aelewe lina maana gani na lilitoka wapi. Na herufi, Bi Lebo. Herufi!"

Mchana Chiriku alipita pale kutoka shule, kama kawaida yake, akatupa mkoba chini na kuzunguka lile jiwe.

"Hilo neno gani?" aliiuliza meza.

Bi Lebo alikuwa ameshazoea kujibu kwa niaba ya samani. "Madrepora. Ni neno la Kiitaliano. Wataalamu wa zamani waliyaita hivyo matumbawe magumu, haya ya jiwe. Poro ni kitundu. Si unaona, limejaa vitundu mwili mzima? Na madre..." Akasita kidogo, akajikaza. "Madre ni mama."

"Mama wa vitundu," alisema Chiriku.

"Ehe. Ingawa wengine wanabisha. Wanasema hiyo poro asili yake ni neno la Kigiriki, poros, lenye maana ya aina ya jiwe laini. Kwa hao, ni mama wa jiwe. Mpaka leo hawajakubaliana."

"Watu wazima?"

"Wazima na miwani yao."

Chiriku aliingiza ncha ya kidole kwenye kitundu kimoja, akaitoa, akaingiza kwenye kingine. "Kwa hiyo ndiye aliyevizaa?"

Bi Lebo akakwama. Bahati nzuri Mkuu alikuwa anapita na kikombe chake cha chai, na mtu yule hakuweza kusikia swali la bahari akapita.

"Kuzaa? Kinyume chake kabisa!" alidakia kutoka mlangoni. "Kila kitundu kilikuwa nyumba ya kinyama kidogo, laini, kisichozidi ukucha. Hivyo vinyama ndivyo vilivyojenga jiwe lote unaloliona, pole pole, kizazi juu ya kizazi. Zamani watu walibishana, huyu anasema ni mmea, yule anasema ni jiwe tu. Kumbe huyo mama hakumzaa mtu. Wakazi wake ndio waliomjenga."

Akapiga funda la chai, akaenda zake kusumbua watu wengine.

"Sasa kama hakuwazaa," Chiriku aliuliza taratibu, "jina la mama alilipata wapi?"

"Alipewa."

"Hivi hivi tu?"

"Hivi hivi tu. Nadhani waliona vitundu vyote vinakaa kwake."

Chiriku hakusema neno jingine mpaka wanafunga ofisi. Bi Lebo alimgusa paji la uso kuona kama ana homa.

Maneno ya kibao yalipaswa kufika kwa mchapaji siku ileile, na Bi Lebo aliyasoma kwa simu. Upande wa pili mashine ilinguruma kiasi kwamba mchapaji alijibu kama mtu aliye ndani ya pipa.

"Mama wa vitundu!" alipiga kelele Bi Lebo.

"Wa watundu?"

"Vi! Vi, kama viatu!"

"Wa, kama watu! Nimekupata!" Simu ikakatika, na Bi Lebo, Mungu amsamehe, akasema potelea mbali, si amesema amenipata.

Jumamosi kibao kilifika kimezungushiwa karatasi, wanafunzi wakiwa tayari wamejipanga mlangoni. Hapakuwa na muda wa kukikagua. Bi Lebo alipaka gundi, Mkuu akavuta karatasi kwa madaha, na herufi kubwa za dhahabu zikang'aa mbele ya darasa zima: MADREPORA, YAANI MAMA WA WATUNDU.

Mkuu alikodoa macho. Bi Lebo alitamani ardhi ipasuke immeze, yeye na chupa yake ya gundi.

"Mama wa watundu!" alicheka mvulana mmoja wa mstari wa mbele. "Basi ni mama yake Chiriku!"

Darasa liliangua kicheko, kisha kicheko kikakatika ghafla, maana wote walijua mama yake Chiriku alishafariki. Mwalimu alimtazama yule mvulana kwa jicho la kuua. Mvulana mwenyewe aliinamisha kichwa, masikio yamepata moto. Bi Lebo alimwangalia binti, asijue amkimbilie au atulie alipo. Angemkimbilia kama nani?

Chiriku akatoka kwenye mstari, mikono kiunoni.

"Kwanza kimekosewa," alisema. "Si watundu, ni vitundu. Angalieni hapa, na hapa." Na akaanza. Aliwaeleza Kiitaliano, aliwaeleza madre na poro, aliwaeleza vinyama vilivyojenga jiwe na wazee wa miwani wasiokubaliana. Mkuu alitikisa kichwa kwa kuridhika, akasahau kwa muda kwamba alikuwa na hasira. "Wengine wanasema si kitundu," Chiriku aliendelea, "ni neno la Kigiriki, la jiwe laini, linaitwa... linaitwa..."

Akakwama. Akageuka kumtafuta aliyelijua. Na hapo ndipo chenga zote zilipoisha, kwa sababu chumba kilikuwa kimejaa watu, kukohoa kusingesaidia, na "kuna mtu" ingeweza kuwa mtu yeyote.

"Mama," alisema, "lile neno tulisema ni lipi?"

Wanawake kadhaa, walimu na wafanyakazi wa makumbusho, waligeuka. Bi Lebo naye aligeuka, akatazama nyuma yake kuona nani anaitwa.

"Mama yupi, Chiriku?" aliuliza mwalimu kwa upole.

"Mama yangu. Huyo mwenye gundi."

Bi Lebo alikuwa amelijua neno lile tangu chuoni. Aliliandika, alilisoma kwa simu, aliliota. Sasa alilitafuta kichwa kizima asilione, na machozi yalikuwa yanamtoka waziwazi mbele ya wageni, wala hakuona haya.

"Limenitoka, mwanangu," alisema.

"Poros," alinong'ona Mkuu, akamsogezea kitambaa chake.

Baadaye, wageni walipoondoka, Mkuu alikumbuka hasira yake na kuagiza kibao kipya kichapwe, chenye vi kama viatu, na kile kibovu kitupwe. Bi Lebo alikibandua kwa uangalifu kuliko alivyokibandika, lakini hakukitupa. Jioni fundi wa majokofu alirudi nyumbani akakuta herufi za dhahabu juu ya mlango wa jikoni.

"Mama wa watundu," alisoma. "Watundu wako wapi? Mimi naona mmoja tu."

"Na wewe umo," alisema mkewe. "Nawa mikono."

Walikaa mezani. Chiriku alikuwa ameshasimulia habari za matumbawe kwa muuza duka, kwa paka na kwa redio, na sasa alikuwa anamsimulia baba yake, akiruka sehemu moja tu. Bi Lebo aliona anavyoiruka, akanyamaza. Moyoni alijiambia kwamba yale ya asubuhi yalikuwa ya haraka ya watu wengi, na kwamba asitarajie makubwa.

"Mama," alisema Chiriku, bila kuinua macho kutoka kwenye sahani, "naomba chumvi."

Baba mtu aliacha kutafuna. Bi Lebo alinyanyuka nusu ya kiti kuitafuta, akaangalia huku na huku mezani. Chumvi ilikuwa mbele ya Chiriku mwenyewe.