Maji ya Jumanne

Asubuhi ya kugawa maji Rogathe alisaga mtama, akachekecha unga mara mbili, akaufunga kwenye pindo la khanga na kushuka kwenye ndiva. Ndiva ile ilikuwa bwawa dogo la mawe na udongo, lililochimbwa na mababu wa kitongoji cha Ikongwe, juu milimani. Usiku lilijaa maji ya mfereji. Asubuhi mwenye zamu alichomoa kizibo cha gogo, maji yakateremka hadi shambani kwake. Zamu zilitangazwa upya kila kiangazi kilipoanza. Watu walikusanyika ukingoni, kila nyumba ikarusha konzi ya unga majini, na mabibi wakaja juu kula. Wakishakula, mmoja wao alisema.

Mabibi hao walikuwa samaki. Wanawake wa ukoo waliokuwa wameshika maji enzi za uhai wao hawakuwa na kawaida ya kukaa makaburini. Walizikwa vizuri, kwa nyimbo za Kilutheri, na mvua ya kwanza ikishapita walionekana ndivani, wadogo, weusi, wenye ndevu kama za kambare. Mchungaji alilijua jambo hilo na hakulihubiria. Alichokataza ni watoto kukojoa mle.

Msemaji wa miaka ile alikuwa Bibi Elirehema, mama mkwe wa Rogathe. Alitambulika kwa kovu juu ya jicho la kushoto, alilolipata kwa uji wa moto alipokuwa mtu. Alikuwa mwanamke mkali. Siku ya harusi ya Rogathe na mwanawe Eliufoo aliwatimua wanywa dengelua, pombe ya miwa ikamwagwa yote nyuma ya zizi, na wajomba wakarudi kwao wakiwa na kiu. Rogathe hakuwahi kujua kama mama huyo anampenda. Maji alimpa, hilo ni kweli: Jumanne, kila mwaka, hata baada ya Eliufoo kufa. Lakini Rogathe alipokataa kurithiwa na shemeji yake Fanueli, kiangazi kilichofuata bibi alitaja Jumanne, kisha akakaa kimya muda mrefu, akizungusha ndevu, ndipo akalitoa jina lake. Safari hii Rogathe aliuchekecha unga mara mbili kwa sababu hiyo.

Ulikuwa mwaka ambao ushirika ulishindwa kuichukua kahawa. Wanunuzi binafsi walipanda mlima na mizani zao wenyewe, wakashuka, na hawakurudi. Watu waling'oa mibuni wakaifanya kuni. Fanueli, ambaye pia alikuwa mwenyekiti wa kitongoji, aling'oa wa kwanza akapanda tangawizi, maana malori ya Mombasa yalikuwa yakiitafuta. Tangawizi inakunywa maji kuliko ng'ombe.

Pale ukingoni, katikati ya watu wa Ikongwe, alisimama kijana mgeni aliyevaa buti za mpira. Jina lake Evance. Alikuwa mtafiti wa samaki na watambaao, na pikapu yake ilibaki chini barabara ilipoishia. Alishika ndoo yenye unga wa kijivu.

"Na huyu naye ameleta wake," alisema Jenoveva, jirani yake Rogathe. "Wasomi siku hizi wana adabu."

"Mpisheni mgeni," alisema Rogathe, akasogea, akampa nafasi yake ya mbele kabisa, pale mabibi walipopenda kujia.

Unga ulirushwa. Mabibi walikuja juu wote, midomo wazi. Evance alimwaga ndoo yake polepole, kwa heshima, akizunguka ukingo mzima. Fanueli alisimama nyuma, mikono mfukoni.

Bibi Elirehema alimeza, akainua kichwa. "Maji ya Jumatatu, mwaka huu, ni ya Jenoveva," alisema kwa Chasu, lugha ya Wapare.

"Asante, bibi," alisema Jenoveva.

"Maji ya Jumanne, mwaka huu, ni ya…"

Hapo aligeuka ubavu. Na wenzake waligeuka, mmoja baada ya mwingine, matumbo yao meupe juu, ndiva nzima ikawa kama imeangukiwa na maua. Unga wa Evance ulikuwa wa utupa, dawa ileile ambayo watu wa mabondeni huitumia kulevya samaki mitoni, ila huu ulisagwa kiwandani. Kijana aliwakusanya kwa wavu mdogo, kwa mikono laini, akawatia wakiwa nusu hai katika chupa za mdomo mpana zilizojaa fomalini. Alimshukuru kila mtu. Jenoveva alibaki ameshika kibuyu kitupu. Watu walirudi nyumbani, maana uji ulikuwa unapoa.

Wiki ileile Fanueli aligawa maji mwenyewe. Jumatatu alimwachia Jenoveva, kwa kuwa ilikuwa imeshatajwa. Siku nyingine zote alizichukua, akawapa wenzake saa moja moja alfajiri, wale waliokubali kumlimia tangawizi. Kwa Rogathe alikuja nyumbani jioni, akakaa kwenye kigoda cha marehemu bila kukaribishwa.

"Shemeji, mahindi yako yameanza kusokota majani."

"Nimeyaona."

"Mwanamke mwenye mume hakosi maji Ikongwe. Ungenikubali mimi, yangekufuata mpaka kitandani."

"Shemeji, mkeo anajua uko hapa?"

Fanueli alicheka, akanyanyuka, akakipiga kigoda teke la kirafiki. "Fikiria. Kiangazi ni kirefu."

Rogathe hakufikiria. Alimwachia Jenoveva binti yake Victoria, akapanda lori la ndizi, akashuka Same. Upepo wa mjini ulikuwa umejaa vumbi, na nguo za mitumba zilizotundikwa kando ya barabara zilipunga mikono kama watu wanaoagana. Nyumba aliyopanga Evance ilikuwa nyuma ya stesheni. Ndani mlikuwa na rafu ukutani kote, na kwenye rafu chupa: vinyonga wa msituni waliojiviringa mikia, mijusi, nyoka waliokunjwa kama kamba dukani, na samaki.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Nimekuja kumwona mama mkwe."

Evance alifuta mikono kwenye koti. "Yupi?"

"Mwenye kovu."

"Ahaa, huyo anayesema." Akamshusha, akamweka mezani, akafuta kioo kwa kiganja. "Wengine kimya kabisa."

Walikuwa kimya kwa sababu walikuwa wakisikiliza walipotiwa chupani. Fomalini hukaza kila kitu pale kilipofika. Mdomo uliokuwa wazi hubaki wazi, na neno lililokuwa njiani hubaki njiani. Bibi Elirehema alikuwa ameshatolewa kwenye fomalini, akasuuzwa na kuhamishiwa kwenye spiriti, na yeye ambaye hakuwahi kuonja hata dengelua ya msibani alikuwa amelowa mpaka kwenye mifupa.

"Maji ya Jumanne," alisema kutoka ndani ya chupa, "mwaka huu, ni ya…"

Akanyamaza. Baada ya kitambo akaanza upya.

"Anasema nini hasa?" aliuliza Evance. "Nimemrekodi kwenye kaseti, ila mimi ni wa Bukoba, Kipare sikijui."

"Anagawa maji."

Evance aliitikia kwa kichwa kama mtu aliyethibitishiwa jambo. "Nilijua ni sauti yenye kazi maalumu. Samaki huyu hayupo kwingine duniani, mama. Ni ndiva ile tu."

"Na sasa hata pale hayupo."

"Utupa hauchagui," alisema, na alisema kwa masikitiko. "Nilitaka wachache. Mwenyekiti wenu ndiye aliyetupangia siku. Alisema siku hiyo wote huja juu. Nilimweleza dawa inafanya nini, nikamwuliza kama kuna ubaya, akasema hakuna, ni wadudu tu wa bwawani."

Rogathe aliangalia kovu juu ya jicho la bibi. Fanueli alizaliwa na mama huyu, akanyonya kwake, akabebwa mgongoni mwake hadi palepale ndivani.

"Utakuja naye kwenye baraza la kata?" aliuliza. "Ni shahidi wangu."

"Sampuli haitoki bila mimi," alisema Evance. "Kwa hiyo nitakuja."

Na alikuja. Baraza lilikaa chini ya bati la ofisi ya kata, wazee kwenye benchi moja, mwenyekiti wao Mzee Ernest kwenye kiti chenye mkono mmoja. Chupa iliwekwa mezani karibu na kofia yake. Katibu aliuliza dini ya shahidi. Akaambiwa Mlutheri, msharika tangu ubatizo.

Fanueli alisimama. "Mzee, naweka pingamizi. Shahidi amelewa. Harufu yake inafika mpaka hapa nilipo."

Watu walicheka, hata wa upande wa Rogathe.

"Hakunywa," alisema Mzee Ernest. "Amelowekwa tu. Kaa chini."

Bibi Elirehema alisema. Sauti yake ilisikika vizuri hadi kwa waliokaa kwenye nyasi. "Maji ya Jumanne, mwaka huu, ni ya…"

Baraza likangoja. Nzi alitembea juu ya kifuniko. Bibi akarudia, akaishia palepale. Mara ya tatu Jenoveva alimfinya Rogathe ubavuni.

"Malizia wewe! Akifika hapo, taja jina lako, haraka. Sauti zenu zinafanana, nani atajua?"

Rogathe alifungua mdomo. Bibi akafika kwenye *ya*. Mbele ya Rogathe palikuwa na nafasi ya upana wa jina lake, na nyuma yake mahindi, Victoria, na kigoda cha marehemu. Lakini mkamwana hamkatizi mama mkwe, sembuse kumwekea maneno kinywani. Tena jina lenyewe hakulijua. Katika ukimya ule wa mwaka uliopita bibi alikuwa akipima kitu, na huenda safari hii alikuwa amemaliza kupima. Nafasi ikapita. Rogathe akafunga mdomo.

"Bibi Rogathe," alisema Mzee Ernest, na alimwita hivyo kwa upole, "alikutaja mwaka huu au hakukutaja?"

"Hakumaliza, mzee. Alimwagiwa utupa. Mwenyekiti Fanueli alijua siku na alijua dawa. Mtaalamu huyu hapa aulizwe."

Evance aliulizwa, akasema kweli, yote, kama alivyoisema Same. Wazee walimgeukia Fanueli.

"Mama yangu alikufa na tulimzika, nanyi mlikula matanga kwangu," alisema Fanueli. "Mtu hauawi mara mbili, wazee wangu."

Wazee walinong'onezana. Kisha Mzee Ernest alivaa kofia, akatamka kwamba baraza halina mamlaka ya kummalizia shahidi sentensi. Kuhusu utupa, kibali cha mgeni kilikuwa na mihuri yote. Maji yasiyotajwa mwenyewe yangekuwa chini ya mwenyekiti wa kitongoji mpaka mwenye kugawa atakapogawa tena. Mtu mmoja aliuliza atagawa nani, wakati ndivani hakuna aliyebaki. Mzee Ernest alisema hilo ni swali zuri, akafunga kikao.

Mahindi ya Rogathe yalikauka yakiwa hayajabeba. Maharage yalifuata. Wafadhili walikuja kuisakafia ndiva kwa saruji, kizibo cha gogo kikatolewa, likawekwa koki la chuma lenye kufuli, na ufunguo ukakaa kwa Fanueli. Mke wa mzee mmoja, mwanamke aliyekuwa ameshika maji, alikufa wakati huo. Mvua ya kwanza ikapita, na watu wakaenda kuchungulia. Walimkuta kwenye jiwe kando ya saruji, mdogo, mweusi, amekauka. Wakamzika tena.

Fanueli hakurudi kukaa kwenye kigoda. Alipita tu njiani, akasimama, akatazama shamba, akasema, "Bado unafikiria, shemeji?" akaenda zake. Siku Rogathe alipolikubali jambo moja kati ya mawili, kurithiwa au kuhama, alifunga magodoro, akamshika Victoria mkono, akashuka mlima. Mashamba ya mkonge huko bondeni yalikuwa yameuzwa kwa wenyewe wapya, na wenyewe wapya walikuwa wakichukua mtu yeyote mwenye panga.

Lori la kuelekea mkongeni lilisimama Same kungoja abiria. Rogathe alimwacha Victoria juu ya mizigo, akaenda nyuma ya stesheni. Rafu zilikuwa tupu. Evance alikuwa amepiga magoti sebuleni akipanga chupa ndani ya masanduku ya mbao, na maranda ya mbao katikati.

"Wanasafiri," alisema. "Kuna jumba la makumbusho Ulaya linawasubiri. Shikamoo mama, samahani, nimeanza vibaya."

"Marahaba."

"Samaki amepata jina la kitaalamu. Kawaida hupewa la mtu aliyesaidia kazi." Alisita. "Amepewa la mwenyekiti. Alifurahi sana, alichinja mbuzi."

"Anaitwa Fanueli?"

"Kwa Kilatini, ndiyo."

Rogathe alimwomba amwone. Evance alimtoa Bibi Elirehema kwenye maranda, akafungua kifuniko bila kuombwa, akageuka kutafuta misumari. Rogathe alifungua pindo la khanga. Mlikuwa na unga kidogo wa mtama, wa mwisho kutoka shambani kwake, aliouchekecha mara mbili. Akaudondosha. Unga ulishuka taratibu kwenye spiriti, ukapita mbele ya mdomo ulio wazi, ukatua chini.

"Maji ya Jumanne," alisema bibi, "mwaka huu, ni ya…"

"Naam, mama," alisema Rogathe, akapiga goti kidogo, akangoja.

Honi ya lori ililia mara nyingi. Alingoja mpaka Evance akamgusa bega, akachukua chupa, akaifunga, akailaza kwenye maranda na kupigilia ubao. Ndani ya sanduku bibi alikuwa ameanza upya.

Siku hiyo ilikuwa Jumanne. Kule Ikongwe koki lilikuwa limefunguliwa tangu alfajiri, na tangawizi ilikuwa inakunywa.