Bamba la Mlangoni kwa Zanetta

King'ora cha bahari kujaa kililia asubuhi kote Venisi. Zanetta, mshona vitabu, akapachika bamba la chuma la kuzuia maji, refu hadi magotini, mlangoni mwa duka lake na kulikaza barabara.

Sasa ni saa sita, na maji yamemfika vifundoni humo humo dukani. Yamepita wapi? Bamba halivuji hata tone. Tundu la sakafuni lilibubujika kidogo, lakini si alishaliziba kwa matambara? Akazidi kukaza skrubu, kichwa kikimzunguka.

Jirani yake Bortolo, anayeishi mteremkoni, chini kidogo kichochoroni, akapita amevaa ndala.

"Bibie, buti za nini?"

"Huoni maji?"

"Maji gani? Bahari imeshuka tangu saa nne!"

Zanetta akachungulia nje: kukavu. Akatazama ndani. Akatazama tena nje.

"Na haya je?"

"Yalipanda kwa tundu, ukayafungia. Unayalinda yasiibiwe?" Bortolo alicheka hadi akashika ukuta. "Toa bamba, we mama!"

Zanetta akaling'oa kwa hasira. Maji yakaporomoka, yakamlowesha Bortolo miguu, yakateremka moja kwa moja kuelekea mlangoni kwake.

Bortolo alitimua mbio kutafuta bamba lake.