Mjakazi Aliyezama Lewisville

Jumanne ya pili ya Machi mwaka 2004, Kwamboka alikuwa jikoni akimenya viazi aliposikia maji yakidondoka sebuleni. Alimkuta Mama Clothilde, bibi wa miaka sabini aliyekuwa akimtunza katika nyumba ya kupanga huko Lewisville, karibu na Dallas, ameketi kwenye kochi mbele ya televisheni iliyozimwa, amelowa kuanzia kilemba hadi soksi. Dari ilikuwa kavu. Mwani kidogo ulikuwa umenasa begani. Kwamboka alichovya kidole, akaonja. Maji ya chumvi.

"Mama, haya maji yametoka wapi?"

"Ni ya Roma," Clothilde akajibu kwa Kiswahili chake cha Bukavu. "Kuko mutu anaangalia filme yangu. Unipatie taulo, mwanangu."

Kwamboka alimpa taulo, akambadilisha nguo, kisha akaandika kwenye daftari la kazi: saa tisa na dakika kumi, mteja amelowa, amekaushwa.

Alikuwa mtu wa kutaka kujua chanzo cha mambo. Siku zilizofuata, akimpaka mafuta miguuni, alimdodosa kidogo kidogo. Clothilde alipelekwa Roma mwaka 1958 na familia ya Kibelgiji, awalelee watoto. Mtu wa sinema alimwona akivuka barabara na kigari cha mtoto. Alicheza filamu nne za mashujaa wa mapanga na majoka ya karatasi, na katika zote nne alikufa kabla ya dakika ya ishirini. Tatu ziliungua ghalani. Iliyobaki ni ile ambamo yeye, mjakazi, anatupwa baharini ili meli ya malkia ipate upepo.

"Na umeanza kulowa lini?"

"Tangu zamani. Lakini ilikuwa mara moja kwa mwaka. Sasa ni kila juma."

Kwamboka aliendesha gari hadi Dallas, kwenye duka la filamu kuukuu, akaikuta filamu ile imetolewa upya kwenye DVD. Aliitazama kwake hadi mwisho. Clothilde alikuwa pale, kijana, shingo ndefu, akiinuliwa na wanaume wawili juu ya ukingo wa meli. Kisha Kwamboka akasoma majina yote. Mpishi alikuwepo. Farasi mweupe wa malkia alikuwepo, tena kwa majina mawili. Clothilde hakuwepo.

"Nita-call hao watu," alimwambia kesho yake.

Kampuni iliyoitoa DVD ilikuwa Houston. Mwanamume wa sauti ya upole alisema wao huandika majina yaliyoandikwa tangu mwanzo.

"Lakini mwenyewe yuko hai," Kwamboka akasema. "Tuko naye hapa, analowa."

"Ana mkataba?"

Mkataba ulikuwa umetiwa saini na madamu wa Kibelgiji, kwa jina la madamu.

"Basi samahani," yule bwana akasema. "Ila mwambie tunampenda sana kwenye kile kipande. Wateja wanakirudiarudia."

Clothilde aliposikia alitikisa kichwa. Jumapili iliyotangulia, kanisani, alikuwa amelowa mara tatu katikati ya mahubiri, na waumini walimsogezea kiti karibu na dirisha, mchungaji akaendelea.

Ijumaa, Kwamboka alikuja na DVD yake. Alitaka kujaribu kitu. Waliketi pamoja wakatazama, na mjakazi alipotupwa, kichwa chake kikiwa bado juu ya maji, Kwamboka akabonyeza kitufe. Picha ikasimama. Kochi lilikuwa kavu. Clothilde aligusa sketi yake, akagusa nywele, akamtazama yule msichana aliyekuwa bado anapumua.

"Ningelikaa hapo," akasema.

Walikaa robo saa hivi. Kisha upindo wa sketi ukaanza kuwa mweusi, na maji yakapanda taratibu hadi kiunoni.

"Mimi sijagusa kitu," Kwamboka akasema.

"Si wewe. Ni mwengine."

Clothilde aliziba pua kwa vidole viwili, akavuta pumzi, akazama. Kwamboka alisubiri kando yake sekunde arobaini na moja, urefu wa kipande chenyewe, kisha akampa mkono ili ainuke.