Maneno ya Mzee wa Kambini

Kufikia saa nne asubuhi Bertin alikuwa ameshakufa mara nne.

“Rudia,” fundi wa sauti akamwambia kutoka nyuma ya kioo. “Umechelewa kupiga kelele.”

Bertin akasogelea maikrofoni, akakodolea macho midomo ya yule askari Mmarekani kwenye skrini, akafa tena kwa Kifaransa.

Alifika Brussels kutoka Bukavu mwaka 1974 kusomea uigizaji. Jukwaani walimpa nafasi za bawabu na dereva. Hata hizo zikaisha. Sasa, mwaka 1997, alikuwa na miaka kumi na saba ya kuwatilia sauti watu wanaokufa mapema filamuni. Jioni alirudi Saint-Gilles, kwenye chumba chenye kiti kimoja, na mara nyingi hakusema neno hadi kesho yake.

Mchana msimamizi, Bwana Delcourt, akamletea karatasi. Ilikuwa filamu ya habari kuhusu kambi ya wakimbizi Kivu, ya kuonyeshwa televisheni Jumapili.

“Hii utaipenda. Ni watu wa kwenu.”

Kwenye skrini mzee mmoja, ameketi juu ya kidumu cha maji, alisema, “Mutuandike majina. Bantu banakufa hapa sawa vile habakuzaliwaka.”

Karatasi ilisema: *Tuna njaa. Tunawashukuru wageni kwa unga.*

“Hakusema hivi,” Bertin akasema.

“Tafsiri imeshapitishwa.”

“Aliyeipitisha anajua Kiswahili?”

“Bertin, tuna dakika ishirini. Soma tu. Na utie lafudhi kidogo, ya kizee, ya huko kwenu.”

Tangu Pasaka hakuwa amepata kazi nyingine. Taa nyekundu ikawaka. Bertin akaigeuza karatasi kifudifudi, akayasema maneno ya mzee kwa Kifaransa chake cha jukwaani, bila lafudhi yoyote: waandikwe majina, watu wanakufa pale kana kwamba hawakuwahi kuzaliwa.

Fundi akazima mtambo. Delcourt hakufoka. Alichukua karatasi yake taratibu.

“Asante. Tutakupigia simu.”

Koridoni Viviane, msafishaji, mwenyeji wa Goma, aliegemea ufagio wake.

“Papa Bertin, unatoka mapema. Utarudia lini?”

“Banasema batanipigia.”

“Bon. Minasikia yote kwa mulango. Ule muzee ni wa wapi?”

“Sijue, maman. Hakuna mwenye aliandika jina yake.”

Jumapili alasiri mzee alionekana kwa sekunde tisa. Sauti ya mtu mwingine, yenye lafudhi ya kuigiza, ikawashukuru wageni kwa unga. Bertin akapiga simu kwenye kituo cha televisheni.

“Malalamiko yanapokelewa kwa maandishi, bwana,” msichana akamjibu. Kisha akasita. “Samahani, sauti yako naijua. Tumewahi kuonana?”

“Hapana, mademoiselle.”

Akaweka simu chini, akavuta kiti, akaandika barua nzima kwa Kifaransa safi. Mwishoni akanukuu maneno ya mzee kwa Kiswahili kile kile, bila kuyatafsiri.